Vumbi la Msumeno

Banda la Shirima, Pasua, Jumamosi, mia tano kichwa,
runinga moja, mabenchi manane. Mabenchi ni yangu,
niliyagonga mwenyewe mwaka ule mvua zilipogoma,
kwa hiyo silipi. Nakaa mbele, mimi na domo langu.

Filamu ni ya wale watu wa kaskazini, ndevu zimesukwa,
wanajenga meli. Mtafsiri anapanda juu ya sauti zao:
"Hapa sasa jamaa anashusha panga kwenye ubao!"
Si panga, nasema. Ni shoka. Na hilo shoka
amelishika kama mtu anayefukuza nyoka chooni.

Kabla hadithi haijaanza walituonyesha, kufumba na kufumbua,
meli ya kweli, ya kale, imelazwa ndani ya jumba,
nyeusi kama sufuria ya makande.
Wengine walikuwa wananunua karanga. Mimi niliona.
Ubao wa pili kutoka chini: makovu ya shoka,
mafupi, yamelaliana kama magamba ya perege,
na uzi wa mti haujakatwa popote,
umekimbia mwanzo hadi mwisho bila kupumua.

Sasa tazama hawa.
Chini ya meli yao kuna unga. Laini, wa njano.
Umetoka wapi?
Shoka halitemi unga. Shoka linatema vibanzi,
vinaruka, vinatafuta macho.
Unga ni mate ya msumeno.
Na mbao zao zina mistari ya duara, mmoja, mwingine, mwingine,
alama ninayoijua: jino la mashine ya Njoro,
ile iliyokula vidole vyangu viwili mwaka niliooa.
Mchezaji anavyo vyote kumi, kucha safi.
Fundi wa vidole kumi namsalimia. Simwamini.

"Kundaeli, nyamaza! Tunataka vita!"

Ndipo umeme ukakatika.
Giza, jasho, maganda ya karanga.
Mtu akasema nyuma: "Haya fundi, malizia."
Sikujua kama ananidhihaki. Nilimalizia.

Tafuta mti uliokua umebanwa na wenzake, usio na matawi ya chini.
Usingoje ukauke. Mbichi ndio unaosikia.
Gonga kabari, ya pili mbele yake, tega sikio:
mti unalia mara moja, kraa, halafu unafunguka wenyewe
kupitia moyo. Nusu. Robo. Nusu ya robo,
kama keki ya kipaimara.
Msumeno hupita anapotaka mtu. Kabari huuliza kwanza.
Baba alipasua mringaringa hivyo, kule Kibosho, apate mzinga wa nyuki,
na meli hakuiona hata kwenye kalenda.
Weka mkuku (neno la mke wangu, mtu wa Pangani).
Hawa wa sinema wameanza na mbavu,
kama mtu anayetengeneza kuku kwa kuanzia mifupa.
Ngozi kwanza! Ubao upande begani mwa ubao,
kama bati juu ya bati, sufu yenye lami katikati,
msumari upite, uvalishwe kofia ya chuma kwa ndani, upondwe.
Mbavu zije meli ikiwa tayari ina tumbo.
Ubao mwembamba, kama dole gumba, ili wimbi likija ujipinde na—

Umeme ukarudi.
Meli ilishafika baharini, tanga limevimba,
makasia yanakwenda, banda zima linapiga makofi,
na mimi pia.
Haikuvuja hata tone, meli ile ya Njoro.

Asubuhi nina oda, vitanda viwili vya bweni, haraka.
Nikawasha mashine. Nikaizima.
Nyuma ya choo palikuwa na gogo la grevilea, bichi,
na kabari ya baba ilikuwa inazuia mlango.
Nikapiga mara tatu. Terewaeli, kijana wangu wa kazi, akauliza:
"Fundi, tunajenga nini?"

Limepasuka vibaya. Limekwenda upande.
Kulikuwa na fundo pale ambapo sikuuliza.

Washa mashine, nikamwambia.
Ila vile vibanzi sikumruhusu avifagie mpaka jioni.